Captain Tsubasa II kwa ugumu wake wa kawaida: mwongozo kwa asiyesoma Kijapani

Binamu yangu alikuja likizo kutoka Maskati na mashine ya gemu, zile za kuiga Famicom (mashine ya Nintendo ya Kijapani), pedi mbili na kaseti chache. Moja ya zile kaseti yeye aliiita Kabteni Majid, kwa sababu huko Ghuba katuni ya Tsubasa, kijana wa Kijapani anayecheza mpira, ilitiwa sauti za Kiarabu naye akabatizwa jina la Majid. Nikaishika pedi, nikaanza kubonyeza vitufe kwa pupa kama nilivyozoea kwenye gemu nyingine za mpira. Kipindi cha kwanza hakijaisha nimeshafungwa manne, na binamu amelala chali anacheka.

Miaka imepita, nimeimaliza zaidi ya mara moja, na bado naona watu wanaianza vilevile nilivyoianza mimi. Wanadhani ni gemu ya vidole. Siyo. Ni gemu ya hesabu, inafanana zaidi na bao kuliko na mpira: unasimama, unaangalia kete zako zimebaki ngapi, ndipo unacheza.

Kwanza ujue umeshika nini

Hii ninayoieleza ni Captain Tsubasa II: Super Striker, iliyotolewa na Tecmo mwaka 1990 kwa ajili ya Famicom, nchini Japani. Inatokana na katuni ya Yoichi Takahashi iliyoanza kuchapishwa mwaka 1981, lakini hadithi yake ni ya kwake: Tsubasa yuko Brazil anachezea São Paulo, na wenzake wamebaki Japani. Ile ya kwanza ilitoka mwaka 1988, na mwaka 1992 ikauzwa nje ya Japani kwa jina la Tecmo Cup Soccer Game. Humo Tsubasa amegeuzwa mzungu mwenye nywele za dhahabu anayeitwa Robin Field. Namna ya kucheza ni ileile kwa sehemu kubwa, kwa hiyo ukiwa na hiyo, mengi ya hapa yatakufaa.

Humu hamna menyu ya kuchagua rahisi au ngumu. Watu wakisema ugumu wa kawaida wanamaanisha kaseti kama Tecmo walivyoiuza. Hili nalisisitiza kwa sababu mitandaoni kuna matoleo mengi yaliyofanyiwa ufundi na mashabiki, wapinzani wameongezewa nguvu hadi inakuwa mateso. Kama timu ya kwanza kabisa inakufungulia mashuti yanayomzoa kipa pamoja na nyavu, huenda huna kosa. Umepewa toleo lililochezewa.

Tahadhari moja ya vyuma: kaseti ya Famicom ina pini 60, ya NES, yaani Famicom iliyouzwa nje ya Japani, ina 72. Hazibadilishani bila kiunganishi maalumu. Nimeona mtu akiilazimisha. Usiwe huyo mtu. Wanaocheza kwenye kompyuta au simu kwa emyuleta, yaani programu inayoiga mashine, hawana shida hiyo, na zipo tafsiri za mashabiki kwa Kiingereza na Kiarabu.

Jifunze maneno sita

Ukiwa na toleo la Kijapani, usiogope. Maneno ya uwanjani Wajapani wameyachukua kwa Waingereza kama sisi tulivyoyachukua, na kama sisi hawapendi neno liishie na konsonanti. Pasi yao ni *pasu* (パス). Shuti ni *shuuto* (シュート). Chenga ni *doriburu* (ドリブル). Kugongeana na mwenzako moja-mbili ni *wantsuu* (ワンツー). Kunyang'anya ni *takkuru* (タックル). Na la sita, ambalo ndilo gemu nzima, ni *gattsu* (ガッツ). Mimi hili naliita pumzi.

Yaandike kwenye karatasi, ubandike kando ya TV. Siku mbili tu na hutaihitaji tena.

Soma skrini kabla ya kukimbia

Hutaona wachezaji ishirini na wawili wakikimbizana. Juu unaona picha ya mwenye mpira, kubwa, kama katuni yenyewe. Chini kuna ramani ya uwanja yenye vidoti. Unamwongoza mwenye mpira kwa mishale ya pedi, wengine wanajipanga wenyewe. Adui akikukaribia, au ukibonyeza kitufe mwenyewe, kila kitu kinasimama na orodha ya maamuzi inatokea: chenga, pasi, shuti, moja-mbili.

Hapo ndipo wageni wanapokosea. Orodha ikitokea wanachagua haraka haraka kana kwamba mtu anawakimbiza. Hakuna anayekukimbiza. Mpinzani amesimama vilevile kama sanamu mpaka uamue. Nenda kamimine chai ukitaka. Angalia ramani: nani yuko wazi, mabeki wangapi wako kati yako na lango, na namba ya pumzi inasemaje.

Pumzi

Kila mchezaji ana akiba yake ya pumzi, na karibu kila anachofanya kinaila. Kukimbia na mpira kunaila kidogo kidogo. Kupiga chenga kunaila. Shuti la kawaida linaila, na mashuti yenye majina, yale ambayo kwa ajili yake ndiyo watu wanaipenda gemu hii, yanaila kwa fujo. Pumzi ikipungua chini ya bei ya shuti hilo, haliwezekani tena, hata Tsubasa mwenyewe akiwa uso kwa uso na lango.

Kwa hiyo kosa la kila anayeanza ni hili: mpira unaanza, anamtafuta Tsubasa, anampa, na Tsubasa anakimbia nao kutoka katikati ya uwanja akimpiga chenga kila anayejitokeza. Akifika kwenye kumi na nane amechoka kama punda wa mizigo. Shuti lake linakuwa la mtu wa kawaida, kipa analidaka, na kipindi cha pili kizima nahodha wako ni wa kuhesabiwa tu.

Fanya kinyume chake. Mechi ya kwanza ni dhidi ya Fluminense, nayo ni darasa zuri kwa sababu si timu ya kutisha. Mpira ukianza, peleka mbele kwa pasi fupi kupitia viungo wako. Hao wana pumzi ambayo hutaihitaji kwa lolote jingine, basi itumike. Tsubasa mwache atangulie bila mpira. Angalia ramani: kidoti chake kikishakuwa karibu na kumi na nane, na katikati, si pembeni, ndipo unampa. Akiupokea, songa hatua chache, bonyeza kitufe usimame, chagua shuti, kisha chagua Drive Shoot, shuti lake lenye jina.

Kisha tulia uangalie. Picha inabadilika, mguu unarudi nyuma, mpira unapanda halafu unazama. Beki anayejitia mbele anaweza kurushwa hewani kama mfuko wa rambo kwenye upepo. Ni raha ambayo gemu nyingi za leo zenye picha za mamilioni hazinipi.

Sasa hesabu: pumzi iliyobaki inatosha Drive Shoot ngapi? Hiyo ndiyo akiba yako ya mabao ya Tsubasa kwa mechi hiyo. Ukijua ni tatu, unacheza kama mtu mwenye risasi tatu. Huzipigi ukiwa mbali, wala huzipigi msitu wa mabeki ukiwa mbele yako, maana kila aliyesimama kwenye njia ya shuti anapata nafasi ya kulizuia au kulipunguza makali.

Kugongeana, na lini upige chenga

Moja-mbili ni rafiki wa maskini. Beki mmoja amekusimamia, mwenzako yuko karibu: gongeana naye, umempita. Mabeki wakiwa wawili au watatu wamekuzunguka, chenga ni kamari, na ni kamari unayoilipia pumzi hata ukishindwa. Pasi ndefu nayo ina hatari yake, kwani adui aliyeko kwenye njia ya mpira anaweza kuukata. Chora mstari kwa macho kwenye ramani kati ya mpigaji na mpokeaji. Ukiona kidoti cha adui kwenye mstari huo, tafuta mwingine.

Chenga itumie mahali pamoja hasa: umeshawapita mabeki, umebaki wewe na kipa. Hapo gemu inakuuliza unapiga au unampita, naye kipa anabahatisha atajiandaa kwa lipi. Ni kama penalti. Mimi humpita mara ya kwanza na kupiga mara ya pili, sina sababu yoyote ya kisayansi, ni uchawi wangu tu.

Mipira ya juu

Ukipeleka krosi kwenye eneo la hatari, mpira unafika ama wa juu ama wa chini, na gemu inakuuliza ufanye nini nao: kutuliza, kuupisha umpite, kuunganisha pasi, au kupiga papo hapo. Tsubasa ana tikitaka, lakini tikitaka inataka mpira wa juu. Wa chini ni wa kuunganishwa moja kwa moja kwa mguu. Drive Shoot yenyewe inataka mpira uwe umetulia miguuni. Watu hulalamika "mbona silioni shuti langu kwenye orodha?" Jibu mara nyingi ni mojawapo ya mawili: mpira ulikuja kwa urefu usiofaa, au pumzi imekwisha.

Kuupisha ni chaguo linalodharauliwa. Kama mshambuliaji wako anayepokea ni dhaifu na nyuma yake yupo mwenye shuti, muache azuge.

Kukaba

Hapa ndipo mechi nyingi hupotea, na sitazunguka. Adui akiwa na mpira na mtu wako akamfikia, unaulizwa: umnyang'anye, umkatie pasi, au uzuie shuti kwa mwili. Naye ameshachagua lake. Kunyang'anya kunamfaa anayepiga chenga. Kukata kunamfaa anayetoa pasi. Kuzuia kunamfaa anayepiga. Ukikisia vibaya, anakupita kama umesimama kituo cha daladala.

Basi usikisie gizani. Jiulize huyu ni nani na yuko wapi. Kiungo katikati ya uwanja aliyezungukwa atatafuta pasi. Winga mwenye kasi atajaribu chenga. Straika wao nyota, akishakanyaga kumi na nane, atapiga, na hapo kuchagua kunyang'anya ni kujitakia. Baada ya dakika kumi za mechi utakuwa umeshamjua kila mmoja na tabia yake, maana kila timu ina mtu wake wa kuogopwa na wengine wanamtafutia mpira yeye. Mkatie njia ya kuupata. Ukizima zile pasi, umeizima timu.

Kwa upande wa Japani utakuwa na Ishizaki, beki asiye na kipaji chochote cha kuonekana, ila ana ujasiri wa kuzuia mashuti kwa uso. Kwa uso kweli, mpira unamvaa usoni. Nampenda kuliko nyota wote.

Kipa wako si ukuta

Kipa unamwamulia wewe: adake au apangue. Kudaka kunakupa mpira mkononi, lakini ni kugumu zaidi. Kupangua kunafaulu mara nyingi zaidi, ila mpira unabaki ukizagaa na adui anaweza kuuwahi. Kanuni yangu: shuti la kawaida kutoka mbali, daka. Shuti lenye jina, pangua na uombe dua.

Hadithi ikihamia Japani, unapewa timu ya Nankatsu, na langoni yupo Morisaki. Huko Japani Morisaki ni kichekesho cha kizazi kizima, picha yake akirushwa na mpira mpaka wavuni inajulikana na watu ambao gemu hawajaicheza. Usimlaumu. Mpangie maisha: shuti lisimfikie. Zuia juu kabisa, kwenye viungo. Nguvu unayoitumia kukaba katikati ni rahisi kuliko bao utakalolisawazisha baadaye. Na kwa kuwa Tsubasa hayupo upande huo, hapa ndipo utakapojua kama ulijifunza kucheza au ulijifunza kumtumia Tsubasa.

Ukifungwa, hujapoteza jioni

Hili lingeniokoa machozi mengi utotoni kama ningeambiwa. Ukishindwa mechi unairudia, lakini wachezaji wako wanabaki na uzoefu walioupata. Viwango vyao vinapanda hata kwa kipigo. Kwa hiyo ukikwama kwenye timu fulani, usijilazimishe mbinu mpya kila mara. Cheza, fungwa, rudi ukiwa na pumzi zaidi na miguu mizito zaidi. Mara ya tatu au ya nne mechi iliyokuwa mlima inakuwa kichuguu.

Na ukiona umeshafungwa mabao mawili na muda umekwenda, usizime mashine kwa hasira. Imalize.

Nakili nywila kama hati ya kiwanja

Famicom haihifadhi mchezo huu yenyewe. Unapewa nywila ya herufi za Kijapani, nawe unaiingiza siku nyingine. Siku hizi piga picha kwa simu, umemaliza. Sisi tulinakili kwa mkono kwenye daftari la hesabu, herufi tusizozijua hata moja. Siku moja nilirudi kutoka chuoni, nikaingiza nywila, ikakataa. Nikarudia. Ikakataa. Wiki nzima ya jasho imekwenda na maji. Baadaye sana, mtu mzima tayari, nilitazama lile daftari nikaona: niliandika ろ mahali pa る. Tofauti yake ni kikunjo kidogo mkiani.

Kama unaandika kwa mkono, zitazame mara mbili hizi: る na ろ, は na ほ, め na ぬ, na zile tatu, わ, れ na ね, ambazo mwanzo wake ni mmoja na mkia wake mbalimbali. Wa emyuleta wanaweza kuseva popote wanapotaka. Ushauri wangu ni useve kati ya mechi na mechi tu. Ukiseva kabla ya kila shuti na kurudi kila linapodakwa, hutajifunza kuhesabu pumzi, na timu za mwisho zitakuchosha kwa kurudiarudia.

Ukifika timu ya taifa

Sasa una utajiri, na utajiri una shida zake. Hyuga ana Tiger Shot na kifua cha kuwapitia watu. Misaki anashirikiana na Tsubasa kwenye Twin Shot, shuti linalopigwa na wawili kwa pamoja. Mapacha Tachibana wana Skylab Hurricane yao, mmoja akimrusha mwenzake juu kwa miguu. Kishawishi ni kutaka kuyaona yote katika mechi moja.

Gawa kazi. Kipindi cha kwanza kiwe cha Hyuga: mipira ipitie kwake, apige yeye, achoke yeye. Tsubasa agawe tu pasi fupi na kujiweka. Kipindi cha pili, mabeki wao wakiwa wamezoea kumfuata Hyuga, Tsubasa anaanza akiwa na akiba nono. Mashuti ya wawili wawili yaweke kwa ajili ya wakati ambapo bao moja ndilo linalokosekana, kwani yanawagharimu wote waliohusika.

Mechi ya mwisho ni Brazil, na hofu yake inaitwa Coimbra. Wapenzi wa soka wa zamani watatabasamu: Arthur Antunes Coimbra ndilo jina halisi la Zico, nyota wa Brazil, ambaye mwaka mmoja baada ya gemu hii kutoka alihamia kucheza Japani. Huyu wa kwenye gemu ana Mach Shoot, na likishaondoka mguuni huna la kufanya zaidi ya kutazama picha. Kwa hiyo usimngoje kwenye kumi na nane. Kila kiungo wa Brazil akiwa na mpira na Coimbra akiwa mbele yake, chagua kukata pasi. Utapitwa na chenga mara kadhaa, vumilia. Langoni, ukiwa na Wakabayashi, muweke yeye na Morisaki apumzike.

Mbele, Tsubasa asiguse chenga hata moja. Mpitishe bila mpira mpaka karibu na lango, pumzi yake ikiwa nzima, ndipo umlishe kwa ajili ya shuti lake la Cyclone. Likiingia la kwanza, rudisha watu nyuma na upige pasi za kurudi na kwenda katikati ya uwanja mpaka saa imalizike. Binamu yangu ataita huo woga. Muache, alilala chali akicheka, zamu yake ya kutazama imefika.